NANI ATAMHESABU MWALIMU?

Mkulima wa Kyela anapouza mpunga wake huyatazama magunia yanavyojazwa. Mnunuzi akidai lumbesa, mkulima huiona kwa macho yake. Na ingawa pengine hukubali kwa sababu ya shida, anajua kabisa kwamba amedhulumiwa na kwa kiasi gani. Dhuluma hiyo ina kipimo, nayo ina shahidi, yaani yule aliyedhulumiwa.

Lakini ziko kazi ambazo mizani yake haionekani. Mwalimu akimpunja mtoto, nani atajua? Afisa ustawi wa jamii akiandika kwamba mama fulani hafai kulea, na kumbe hakuchunguza sawasawa, mama yule atakwenda kulalamika wapi, na kwa maneno gani? Mtoto hajui alichonyimwa, kwani hajapata kukionja. Ndiyo maana swali la makala hii ni zito: mwenye mamlaka juu ya mtu asiyeweza kumshtaki, nani atamhesabu? Na je, nia njema yatosha kuwa utetezi wake?

Ndugu msomaji, mimi nilikuwa mwalimu wa darasa la tano katika shule moja ya msingi iliyo karibu na ufuko wa Ziwa Nyasa, na nia yangu ilikuwa njema. Nilitaka watoto wafaulu. Nilichukia uchelewaji kwa kuwa nilijua kwamba anayekosa kipindi cha kwanza cha hesabu hatakipata tena. Mwalimu mkuu alinipa idhini ya maandishi ya kutoa adhabu ya viboko, kama zinavyotaka Kanuni za mwaka 2002, ambazo zinasema viboko visizidi vinne kwa mara moja, na kila adhabu iandikwe katika daftari. Nilizifuata kanuni. Sikupata kuchapa cha tano, na daftari langu lilikuwa safi.

Mwanzoni mwa mwezi wa Juni mwaka 2006, wakati wa kufunga muhula, mwalimu mkuu aliniagiza nijumlishe adhabu zote za muhula ule. Nikalifungua daftari na kuanza kuhesabu. Ndipo nilipoliona jina moja mara saba. Kosa lilikuwa lile lile: kuchelewa. Adhabu ilikuwa ile ile: viboko vinne. Na tarehe zote saba zilikuwa za mwezi wa Mei. Kabla ya hapo mtoto yule hakuwa amechelewa hata siku moja.

Kila mtu wa Kyela anajua mwezi wa Mei ni mwezi gani. Mpunga unakomaa, na ndege wanashuka mashambani alfajiri na jioni. Asiyeamia mpunga wake atavuna makapi. Mimi nami nilijua, kwani nilikuwa na shamba langu, nami nilimlipa kijana wa kuniamia. Maandishi yalikuwa yangu, tarehe zilikuwa zangu, na maarifa ya msimu nilikuwa nayo; ila sikuwa nimeviweka pamoja hata mara moja. Nilikuwa nikiandika bila kusoma.

Nilikwenda nyumbani kwao siku ile ile, kwa kuwa mtoto alikuwa hajaonekana shuleni kwa wiki nzima. Nilimkuta bibi yake. Mama wa mtoto alikuwa amefariki, na bibi hakuwa na miguu ya kukimbiza ndege. Nilimweleza kilichonileta nikamwomba radhi. Alinyamaza kidogo, kisha akasema: "Mwalimu, ahsante kwa kuja. Lakini njia ya kuja kwetu ulikuwa unaijua tangu zamani." Hakuongeza neno, nami sikuwa na jibu.

Tulikubaliana kwamba mwezi wa mavuno mtoto aje baada ya kipindi cha kwanza, nami nimfundishe kipindi hicho mchana. Alirudi, na akamaliza darasa la saba. Lakini tangu siku ile hakupata tena kunyoosha mkono katika somo langu. Hilo sikuweza kulirudisha. Nalieleza jambo hili si kwa kutaka kuhurumiwa, bali kwa sababu ndani yake yamo mafunzo yote ninayotaka kuyasema.

Funzo la kwanza ni kwamba kufuata kanuni si sawa na kujihesabu. Kanuni iliniuliza: Je, viboko vilizidi vinne? Haikuniuliza: Je, viboko hivi vimefaa nini? Fimbo iliyochapwa mara saba bila kubadili jambo lolote imekwisha kuwa mazoea tu, na aliyelishwa mazoea hayo alikuwa yatima. Nia yangu ilikuwa njema siku zote saba. Basi nia njema huonyesha tu mtu anataka kwenda wapi. Haionyeshi amefika wapi. Ili kujua amefika wapi, sharti asimame atazame nyuma.

Wataalamu wa elimu wamelizungumza jambo hili kwa muda mrefu. John Dewey wa Marekani aliandika mwaka 1910 juu ya namna mtu anavyofikiri, akaeleza kwamba fikra ya kweli huanzia penye mashaka, mtu anapokuta jambo lisilolingana na alivyodhani. Mwaka 1983 Donald Schön, wa Marekani pia, alionyesha kwamba mtu hodari katika kazi yake hufikiri kwa namna mbili: katikati ya kazi, anapogeuza mkono kwa kuwa ameona jambo haliendi; na baada ya kazi, anapojiuliza kwa nini ilikwenda vile. Mafunzo haya yameenea katika vyuo vya ualimu na vya ustawi wa jamii duniani kote.

Lakini fikra hii bila dhamiri huweza kugeuka kuwa fomu ya kujazwa. Mwalimu huandika mwishoni mwa andalio la somo kwamba somo limeeleweka, ili mthibiti ubora akija aone nafasi imejazwa. Hapa ndipo dini inapokuwa na neno la kusema. Mwanzoni mwa Suratul Qiyama, Mwenyezi Mungu anaapa kwa Siku ya Kiyama, kisha anaapa kwa nafsi inayojilaumu. Seyidna Ahmad (a.s.), katika hotuba yake iliyosomwa Lahore mwezi wa Desemba mwaka 1896, alieleza kwamba nafsi hiyo ndiyo chemchemi ya hali ya tabia njema; iko juu ya nafsi inayoamrisha mabaya, na chini ya nafsi iliyotulia. Maana yake ni kwamba kujilaumu ni daraja tu. Asiyepata kuipanda hubaki chini. Na anayekaa juu yake milele, akilia tu juu ya makosa yake, naye hakufika.

Funzo la pili ni kwamba mtu hawezi kujihesabu peke yake na akaaminika. Nyani haoni kundule. Nafsi ya mtu ni hakimu aliyekwisha kula rushwa ya mshtakiwa. Mtukufu Mtume (s.a.w.) alimfananisha muumini na kioo cha muumini mwenzake, na kioo lazima kiwe nje ya anayejitazama.

Wazee wa nchi hii waliijua hekima iliyo karibu na hiyo. Zamani wavulana wa Kinyakyusa wa rika moja waliondoka katika nyumba za wazazi wao wakajenga kijiji chao wenyewe. Wataalamu wawili, Godfrey Wilson na mkewe Monica, walifanya utafiti katika nchi hii kati ya mwaka 1934 na 1938. Na mwaka 1951 Monica Wilson alichapisha kitabu juu ya vijiji hivyo vya marika. Humo alieleza neno ukwangala, yaani kukaa pamoja kwa wema, kula na kuzungumza. Kwani watu waliamini kwamba busara hupatikana katika mazungumzo ya wenzi. Tena waliiona hasira iliyofichwa moyoni kuwa ni hatari, na katika matambiko ya jamaa walitakiwa kuisema wazi. Mwislamu hana haja ya tambiko, na vijiji vya marika vimekwisha kupita. Lakini kwamba jambo lililofichwa lisemwe mbele ya wenzi wema, hilo lingali kweli. Mpango wa Serikali wa miaka hii uitwao MEWAKA, unaowataka walimu wa shule moja wakutane katika jumuiya za ujifunzaji, unaweza kuwa ukwangala wa walimu, kama hawatakutana kwa ajili ya kusaini mahudhurio tu.

Funzo la tatu linawahusu pia maafisa ustawi wa jamii. Nchi yetu imewaandaa kwa muda mrefu. Sheria iliyounda chuo chao, ambacho leo ni Taasisi ya Ustawi wa Jamii, ilipitishwa mwaka 1973, na Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 imewapa madaraka makubwa. Taarifa ya afisa huyo huweza kumpeleka mtoto mbali na nyumbani kwao. Basi, kabla ya kuitia sahihi, ajiulize: Ni lipi nililoliona, na ni lipi nililolidhani? Aliona sakafu ya udongo, alidhani uzembe. Aliona mtoto yuko shambani saa mbili asubuhi, alidhani utoro. Katika bonde hili ambako mito ya Kiwira, Mbaka na Lufilyo hufurika wakati wa masika, nyumba yenye tope ndani huenda ikawa ya mama mwenye bidii kuliko wote kijijini.

Huenda msomaji akasema: Mwalimu akikiri kosa mbele ya mtoto, heshima yake itakwisha. Jibu ni kwamba mtoto anajua tayari. Aliyechapwa bila haki hahitaji kuambiwa. Asilolijua ni kama mwalimu naye analijua. Kukiri hakumfunulii kosa, bali humfunulia kwamba haki ipo.

Mwingine atasema: Darasa lina watoto mia moja, nitamtafakari nani? Hoja hii ni ya haki. Ukosefu wa madawati na wa walimu si dhambi ya mwalimu, na ni dhuluma kumtwika mtu mmoja mzigo wa nchi nzima kwa jina la kujihesabu. Lakini hata mimi sikuhitaji kuwatafakari watoto mia. Nilihitaji kusoma ukurasa mmoja niliouandika mwenyewe. Kila jioni mtu achague jina moja, ajiulize: Leo nimemtendea nini huyu, kwa nini, na kimemfaa nini? Kisha kesho yake amwambie mwenzake mmoja anayemwamini. Na palipo na kosa, aende kulitengeneza kwa miguu yake, kwani hesabu isiyomfikia aliyedhulumiwa haijafungwa.

Basi, nani atamhesabu mwalimu? Iko siku ambayo atahesabiwa na Yule Asiyedanganywa na daftari safi. Kabla ya siku hiyo hakuna awezaye kuianza hesabu isipokuwa yeye mwenyewe, kwa kuwa ndiye mwenye nguvu, na aliye chini yake hana sauti. Njia ya kwenda nyumbani kwa mtoto anaijua. Mwenyezi Mungu atujalie tuipite mapema. Amin.