Ubatizo Unapokugharimu Ajira



Leo tutafakari swali gumu kidogo: je, ni halali Mkristo kuuficha ubatizo wake ili apate kazi ya serikali? Usikimbilie kujibu. Huko India swali hili limefika hadi Mahakama ya Juu.

Kwanza tuelewane. India kuna kasta, yaani tabaka ambalo mtu anazaliwa nalo na kufa nalo. Walio chini kabisa wanaitwa Wadalit. Kwa karne nyingi walihesabiwa najisi, wakakatazwa hata kuteka maji kwenye kisima cha wengine. Baada ya uhuru, katiba ilipiga marufuku unyanyasaji huo, na serikali ikawatengea nafasi za ajira. Leo fungu lao katika ajira za serikali kuu ni 15%.

Sasa hapo ndipo kichwa kinapouma. Tarehe 10 Agosti 1950 ilitoka amri ya Rais kwamba nafasi hizo ni za wafuasi wa dini ya Kihindu tu. Masingasinga waliongezwa mwaka 1956, Wabudha mwaka 1990. Mdalit Mkristo au Mwislamu hayumo. Kesi ya kuipinga amri hiyo, iliyofunguliwa mwaka 2004, imeburuzwa zaidi ya miaka 20.

Mwezi Novemba 2024 Mahakama ya Juu iliamua shauri la mwanamke aliyeomba ukarani serikalini kupitia nafasi hizo. Alisema yeye ni Mhindu. Mahakama ikaona kwamba alibatizwa akiwa mtoto na alikuwa anasali kanisani, hivyo kudai nafasi hiyo ni kuilaghai katiba. Kazi akaikosa.

Mimi nasemaje? Kuikana imani kwa ajili ya mshahara ni kosa, na amri ya nane haina likizo siku ya usaili. Wafiadini wetu waliombwa maneno machache tu, wakakataa. Hilo silipunguzi hata kidogo.

Lakini jiwe la kumrushia Mdalit anayeishi na majina mawili, moja la kanisani na moja la kwenye vyeti, mimi sina. Anayemdharau mtaani haulizi kwanza cheti cha ubatizo. Anaujua ukoo wake, basi. Kidonda ni kilekile, ila dawa anapewa jirani yake na yeye anaambiwa achague: dawa au Kristo. Wanaoitetea amri hiyo wana hoja pia. Wanasema Wakristo walifaidi shule za wamisionari, na fungu likigawanywa kwa wengi, waliobaki nyuma zaidi wataumia. Ni hoja ya kusikilizwa. Ila kama kipimo ni uhitaji, basi upimwe uhitaji wa mtu, sio mahali anaposali.

Kinachonichoma zaidi ni kitu kingine. Mwaka 1985 fundi viatu mmoja Mkristo, aliyekuwa akishona kando ya barabara huko Madras, alipeleka malalamiko kama haya Mahakama ya Juu. Akaambiwa haitoshi kusema kasta inamfuata. Athibitishe kwamba hata ndani ya jumuiya yake mpya ya Kikristo anaonewa kwa ukali uleule. Yaani sheria inatudhania wema! Inachukulia kwamba ukiingia kanisani, kasta unaiacha mlangoni, kama Paulo alivyowafundisha Wagalatia kwamba katika Kristo hakuna mtumwa wala mtu huru.

Je, ndivyo tulivyo? Maaskofu wa India wenyewe, katika sera yao ya mwaka 2016 kuhusu Wadalit, walikiri kwamba ubaguzi upo ndani ya Kanisa. Kuna parokia ambako hata makaburi yalitenganishwa. Jamani, mtu anakosa kazi kwa sababu ni Mkristo, kisha Wakristo wenzake hawataki azikwe karibu nao! Huyo amelipa mara mbili. Ndiyo maana naona uzito wa swali letu usimwangukie yeye peke yake. Tukimdai asiufiche ubatizo wake, ni lazima nasi tuufanye ubatizo huo kuwa kitu cha kweli.

Hapo namkumbuka Mtakatifu Devasahayam. Alizaliwa mwaka 1712 katika tabaka la juu, akawa mtumishi katika jumba la mfalme wa Travancore. Alibatizwa mwaka 1745. Akaanza kukaa na kula na watu wa chini, akapoteza cheo, akateswa, akauawa mwaka 1752. Papa Fransisko alimtangaza mtakatifu tarehe 15 Mei 2022. Yeye hakungoja wa chini wagharamike. Aliyekuwa juu ndiye aliyeshuka.

Ndugu yangu, huenda hutakanyaga India maisha yako yote. Lakini jumuiya yako ndogondogo unaijua. Kwaya yako unaijua. Nani anaambiwa "huyu sio wa kwetu"? Nani hapewi uongozi kwa sababu ya kabila, kipato au kazi ya mama yake? Jumapili hii kakae naye, umjue jina.

Mtakatifu Devasahayam, utuombee.