Mti Ndani ya Chungu

Silibwet ni jina la mji katika Bomet, na ni jina la mti pia. Wakipsigis huuita hivyo mti wa nyanda za juu wenye majani mapana na maua meupe, ambao gamba lake hutoa nyuzi za kamba. Lakini atazamaye mashamba ya nchi ile huona zaidi mti mwingine, mgeni, uliotanda vilimani mithili ya zulia la kijani. Huo ni mti wa chai. Ukiachwa kukua upendavyo huweza kupita mita 10. Lakini huchumwa kila baada ya wiki 1 au 2, na kila baada ya miaka michache hupogolewa. Kwa hiyo huishi maisha yake yote bila kupita kiuno cha mchumaji.

Wako watu wafanyao jambo kama hili kwa ajili ya uzuri, si kwa faida. Sanaa yao huitwa bonsai, neno la Kijapani lenye maana ya mmea uliopandwa katika chungu kifupi mfano wa sinia. Asili yake ni China, ikakuzwa Japani, na miti ya Afrika huweza kulelewa hivyo pia: mgunga, mkuyu, na mzeituni mwitu, ambao Wakipsigis huuita emitiot. Mzeituni mwitu una majani madogo na ubao mgumu, hivyo chungu huufaa. Silibwet una majani mapana mno. Kila baada ya miaka michache mti hutolewa chunguni, mizizi yake ikapunguzwa na udongo ukabadilishwa. Matawi hukatwa, na mengine hufungwa kwa waya yakapindwa. Miaka mingi ikipita, mti usiozidi urefu wa mkono huwa na shina lenye makunyanzi kama mkongwe wa msituni.

Hapa ndipo swali linapozaliwa. Je, ni haki kukizuia kitu chenye uhai kisifikie kimo chake?

Mmoja atasema kuwa huo ni ukatili. Mwingine atasema kuwa mti hauna uchungu wala tamaa, basi hapana dhuluma. Wote wawili wamejibu kwa haraka. Wa kwanza amesahau kwamba mti wa chungu haukugeuzwa asili yake. Mbegu yake ikipandwa porini huota mti mrefu kama wenziwe. Wa pili amesahau kwamba kinachopimwa hapa si maumivu ya mti peke yake, bali pia mwenendo wa mtu mwenye mkasi.

Na tumtazame mtu huyo. Mti wa msituni hujitafutia maji kwa mizizi yake. Mti wa chungu hauna pa kuyatafuta. Jua likiwa kali, mwenye chungu akisafiri bila kuacha mwangalizi, huenda akarudi akakuta kuni. Basi, akataye mizizi amejitwika kazi ya mizizi. Amechukua uhuru wa mti, na bei yake ni uangalifu wa kila siku.

Wako walioilipa bei hiyo. Huko Hiroshima jamaa ya Yamaki walikuwa na msonobari mdogo ulioanza kulelewa chunguni mwaka 1625. Tarehe 6 Agosti 1945 bomu la atomiki liliangushwa kiasi cha kilomita 3 kutoka kwao. Ukuta uliukinga msonobari, ukapona. Mwaka 1976 Masaru Yamaki aliutoa zawadi kwa Marekani, nchi ile ile iliyoliangusha bomu, na hadi leo watunzwa mjini Washington. Kwa karne 4 hapakukosekana mkono wa kuunywesha maji.

Basi jibu langu ni hili: kuzuia si dhuluma kwa nafsi yake, dhuluma ni kuzuia na kutupa. Achimbuaye mti mkongwe msituni ili aupambe ukumbi wake, kisha akauchoka, amedhulumu mara mbili. Aoteshaye mbegu yake mwenyewe na kuilea hadi uzeeni ana haki ya kushika mkasi.

Vijana, jambo hili halikomei kwenye miti. Wahenga walisema samaki mkunje angali mbichi, na ninyi mmekunjwa: kwa saa za kengele, kwa makatazo ya wazazi, kwa adabu ya darasa. Msiseme upesi kuwa kila waya ni mnyororo. Tazameni kama aliyeufunga huleta maji pia. Lakini wakubwa nao wakumbuke mambo mawili. Waya usipofunguliwa kwa wakati wake huzama katika gamba, ukaacha kovu lisilofutika. Tena, mti waweza kukaa chunguni milele, lakini mtoto hawezi. Mlezi wa mti hufaulu mti usipokua mrefu. Mlezi wa mtu hufaulu siku mtoto anapopandwa katika ardhi pana, akatafuta maji kwa mizizi yake mwenyewe.