Nguo ya Kuzungushia Kisiwa

Kilwa Kisiwani kilinunuliwa kwa nguo. Ndivyo zinavyosema habari za kale za Kilwa, zile za Kiarabu zilizotungwa karne ya 16 na zile za Kiswahili zilizokuja kuandikwa baadaye. Alifika mgeni kutoka Shirazi na jahazi lake, akamkuta mwenyeji, akaomba mahali pa kukaa. Mwenyeji akataja bei: nguo za kutosha kukizunguka kisiwa chote. Majora yakatandazwa ufukweni mpaka ncha ikakutana na ncha. Mwenyeji akakusanya nguo zake, akavuka kwenda bara. Katika masimulizi ya Kiswahili yupo pia binti wa mwenyeji, ambaye mgeni alimwoa.

Wengi husoma hadithi hii wakacheka, au wakaanza kupiga hesabu za majora. Mimi hunisumbua jambo dogo zaidi: nguo iliyozungushiwa kisiwa hugusa ukingo tu. Mashamba ya katikati, visima, makaburi ya wazee, hakuna kilichoguswa na uzi hata mmoja. Hata hivyo ncha zilipokutana ilihesabiwa kwamba kisiwa kizima kimepata mwenye kukimiliki.

Tangu hapo sijafungua kitabu cha safari za pwani nisiyaone majora yale. Nilivuka kutoka Kilwa Masoko kwa mashua, kibali cha Mambo ya Kale mfukoni, mwongozo wa watalii kwapani. Kitabu kilinipeleka kwenye ngome ya Gereza, kikanipeleka Msikiti Mkuu wenye kuba na nguzo zake, kikanipitisha kwenye kuta za Makutani, halafu Husuni Kubwa juu ya genge, jumba lenye vyumba zaidi ya mia moja na birika la pande nane. Kilisema saa tatu zinatosha. Na kweli zilitosha, maana magofu hayo yote yako upande wa kaskazini, karibu na maji. Tulizunguka ukingoni. Njia za miguu zilizoingia ndani, kwenye migomba na sauti za watoto, kitabu hakikuzitaja, nami sikuzifuata, kwa kuwa nahodha alikuwa ameshatuonya kuhusu maji kupwa.

(Hilo neno gereza wapo wanaolihusisha na neno la Kireno la kanisa. Ngome zilibadilisha wenyewe, na neno likabaki na waliofungiwa ndani.)

Sikilaumu kitabu. Kisiwa hakiwezi kubebwa, ndiyo maana tunakubali kubeba ukingo wake. Kosa, kama lipo, linaanza pale msomaji anaporudi nyumbani akasema, "Kilwa naijua." Ndipo nguo inapogeuka hati ya umiliki.

Lakini je, ilikuwa bei? Mila za pwani zina majina mengi ya nguo na fedha zinazopita kutoka mkono wa bwana harusi kwenda nyumba ya mke. Baba wa binti hupewa kilemba. Mama hupewa mkaja, kwa ajili ya ile nguo aliyojifunga tumboni alipomzaa. Hakuna baba aliyepokea kilemba akadhani ameuza nyumba yake. Basi ikiwa binti aliolewa, kama wanavyosimulia Waswahili wenyewe, huenda mzee yule alipotazama majora yakitandazwa alikuwa anapokea mkwe, na mkwe kwa upande wake alikuwa ananunua ardhi. Nguo ni ileile. Maana yake ilitegemea nani angekuja kuisimulia, na walioisimulia kwa wino walikuwa upande wa mkwe. Tarikhi yao inaendelea kusema kwamba mwenyeji alikusudia kurudi na watu wake kukitwaa kisiwa, na mgeni akachimba kina mahali ambapo watu walizoea kuvuka kwa miguu maji yakipwa. Sijui mkwe gani huchimba handaki baina yake na ukweni kwake.

Binti naye sasa ana ushahidi wa aina yake. Kwa miongo mingi wasomi walibishana kama Washirazi walikuwapo kweli au walikuwa nasaba ya kujipamba. Mwaka 2023 jarida la Nature lilichapisha utafiti wa vinasaba vya mifupa kutoka makaburi ya miji ya kale ya pwani ya Kenya na Tanzania. Upande wa mama ulionekana kwa sehemu kubwa kuwa wa Kiafrika, upande wa baba ukielekea Uajemi, na kuchanganyika kwenyewe kukakadiriwa kuanza karibu na mwaka 1000. Wenye kutaka Washirazi walishangilia, wenye kutaka Afrika nao walishangilia. Mimi nilifikiria kwamba wale akina mama wametajwa hatimaye, kwa mifupa yao, katika habari ambayo vitabu viliwapitia kandokando.

Nguo inarudi tena kwa msafiri Ibn Battuta. Alifika Kilwa mwaka 1331, na kumbukumbu zake zikaandikwa Fez mwaka 1355, yeye akisimulia na Ibn Juzayy akinakili. Miaka ishirini na zaidi ni mingi kwa kumbukumbu. Alisema nyumba za Kilwa zilikuwa za miti, na leo tunakanyaga matumbawe na chokaa. Lakini kisa kimoja alikibeba kikiwa kizima. Sultani wa wakati huo alikuwa Hasan bin Sulaiman, aliyeitwa Abu al-Mawahib, yaani baba wa zawadi. Ijumaa moja, akitoka msikitini, fakiri kutoka Yemen alimsimamisha njiani akamwomba nguo alizovaa. Sultani akaingia nyumba ya khatibu, akabadili, akampa. Watu wakastaajabia unyenyekevu wake. Mwanawe akazikomboa zile nguo kwa fakiri, akamlipa watumwa kumi. Sultani aliposikia jinsi watu walivyomshukuru, akaongeza watumwa kumi wengine na mizigo miwili ya pembe za ndovu.

Kisa hiki hunukuliwa sana kama ushahidi wa ukarimu wa Kilwa, na mwandishi wa mwongozo wangu alikiweka ndani ya kisanduku cha rangi, ukurasa mzima. Ukarimu ulikuwapo, silikatai hilo. Msafiri aliuona na akauandika kwa moyo mweupe. Ila nilipokisoma nikiwa nimekaa kwenye ngazi za Husuni Kubwa, bahari chini yangu, nilishindwa kumfuata fakiri. Niliwafuata wale ishirini. Kanzu iliingia mlangoni kwa khatibu na kutoka, nao wakahesabiwa pamoja na pembe. Walikuwa wametoka wapi? Nao Kilwa waliiitaje? Huenda baadhi yao walikuwa watu wa bara ileile alikovukia mzee na majora yake. Hilo ni wazo langu tu, wala sina pa kulithibitishia.

Wakati wa kurudi upepo ulikuwa wa mbele. Nahodha akalifunga tanga nusu, maji yakaturukia, nikakiingiza kitabu ndani ya shati. Tulipofika penye maji matulivu nikakitoa, nikafungua faharasa nyuma, nikipitisha kidole kilicholowa. Hasan bin Sulaiman alikuwapo, kurasa nne. Husuni Kubwa, kurasa sita na ramani. Pembe za ndovu, kurasa mbili. Chini kidogo, kwenye W, nikakuta mstari mmoja usio na namba ya ukurasa: Watumwa, tazama Biashara.