Neno la Shangazi

Jioni moja huko Mtongwe, Likoni, nilikaa mkekani bibi harusi akisingwa. Liwa ilisagwa pamoja na karafuu, ikachanganywa na marashi ya mawaridi, harufu ikafika hadi barazani. Somo alipogusa shavu la binti, binti akaguta. Uso ulikuwa mwekundu kama embe bivu, na viungo vya vidole vyeusi vilevile alivyozaliwa navyo. "Mwanangu, ngozi hii inawaka," somo akasema, akamwosha kwa maji baridi.

Hakuna aliyetamka mkorogo, ile krimu ya kujichubua, na sote tulijua. Huuzwa katika vikopo visivyo na jina, muuzaji akikoroga kwa kukisia. Zebaki ikiwamo, huizuia ngozi kutengeneza rangi yake, kisha hupenya mwilini ikadhuru figo. Mkataba wa kimataifa wa Minamata wa 2013 ulitaka krimu za kung'arisha ngozi zenye zebaki zaidi ya sehemu moja kwa milioni zikome kutengenezwa ifikapo 2020. Hayo yafaa kusemwa kwa sauti sokoni Kongowea.

Lakini usiku ule sikuwa nikimfikiria muuzaji. Nilikumbuka siku ya Idi, binti huyu akiwa na miaka sita hivi, amesimama na dadake mlangoni. Mgeni akamvuta yule mweupe: "Huyu ndiye mzuri! Huyu mwingine kamchukua babake, mweusi tii." Tukacheka. Nami nilicheka. Mtoto akavuta leso ya mamake, akajifunika uso.

Mwigizaji Lupita Nyong'o alisimulia mwaka 2014, mwaka aliotwaa Oscar, kwamba utotoni alikuwa akimwomba Mungu aamke na ngozi nyeupe zaidi. Kilichomwinua kwanza ni kumwona Alek Wek, mwanamitindo wa Sudan Kusini mwenye weusi kama wake, akisifiwa duniani. Binti wetu wa Mtongwe alimwona nani akisifiwa? Na alipojichubua, midomo ileile iliyomcheka kwa weusi ikamcheka tena: uso Fanta, miguu Coca-Cola. Hili ndilo linaloniuma zaidi.

Mpakaji hina alipofika, binti alinong'ona: "Dada, shusha maua mpaka kwenye viungo, yafunike." Mpwa wake wa miaka mitatu, weusi wake wa mpingo, akaja kuchungulia. Shangazi mmoja akacheka, akafungua mdomo.

Nikamwahi. "Njoo kwa bibi, mzuri wangu," nikamwambia mtoto, nikampakata.