Maneno Yang'oapo Nanga

Muungwana ni kitendo. Methali hii hutamkwa kila siku katika mwambao na visiwa vyake, na msikilizaji wa leo huipokea kuwa ni wasia wa adabu: mtu hupimwa kwa anayoyatenda, si kwa anayojisemea. Ni wasia mwema usio na mgomvi. Lakini neno lake la kwanza halikuwa sikuzote sifa ya adabu tu. Katika zama za utumwa, muungwana alikuwa mtu huru, na kinyume chake hakikuwa mtu fedhuli, bali mtumwa.

Na ichukuliwe, kwa ajili ya kufikiri tu, kwamba kipo kioja kiwezacho kuyapata maneno: usiku mmoja yanang'oa nanga, na kila moja linachukuliwa na mkondo hadi bandari yake ya kale. Watu wamebaki walipo, na mwaka haukubadilika. Zilizosafiri ni maana peke yake. Asubuhi yake wazee wanakwenda kuposa. Mshenga anakaa kitako, anakohoa kidogo, kisha anasema kama ilivyo ada: "Tumekuja kwenu kwa kuwa nyinyi ni waungwana." Jana maneno hayo yalikuwa heshima. Leo yamekuwa ushahidi juu ya nasaba, na miongoni mwa wenyeji yumo mzee ambaye bibi yake mzaa baba alikwenda kuuomba uhuru wake mahakamani, baada ya amri ya Sultani Hamoud bin Mohammed ya mwaka 1897 iliyofuta hadhi ya kisheria ya utumwa Unguja na Pemba. Mzee huyo ajibu nini? Akiipokea sifa, amemkana bibi yake. Akiikataa, amemwaibisha binti anayeposwa. Mshenga hakukosea hata herufi moja, na hata hivyo amejeruhi.

Je, msemaji hubeba dhima ya wakati usiokuwa wake? Wako wasemao kwamba habebi. Neno, kwa hoja yao, ni mali ya walio hai, na lugha isingeweza kupiga hatua lau kila neno lingelazimishwa kubeba jeneza la maana zake zote zilizokufa. Tena wanaongeza kwamba mabadiliko hayo yenyewe ni ushindi: neno lililowatenga watu kwa kuzaliwa kwao, leo amefunguliwa mlango wake yeyote mwenye tabia njema. Ya nini basi kuyafukua ya kale?

Hoja hiyo ina uzito wake. Lakini kioja kile si kigeni kama kinavyodhaniwa, kwani huwapata wasomaji wa tenzi kongwe kila wafunguapo kurasa. Katika tenzi za kaskazini, Mtume Muhammad (S.A.W.) huitwa Tumwa, na msomaji kijana hushtuka, akidhani kwamba mshairi amekosa heshima. Mshairi hakukosa kitu. Asili ni moja, nayo ni kutuma. Aliyetumwa na Mola wake na aliyetumwa na bwana wake wamekutana katika neno moja, kisha zama zikawatenganisha.

Mhariri mwenye huruma hutamani kumwondolea kijana mshtuko huo kwa kuandika Mtume. Hapo mizani humkamata. Tumwa ni mizani mbili na Mtume ni mizani tatu, na kipande cha utenzi chenye mizani nane huwa cha tisa. Hata hivyo, mizani si mlinzi wa kutegemewa, kwa kuwa fundi hodari anaweza kupunguza silabi moja upande wa pili, na asijue mtu. Na hapo ndipo lilipo suala la maadili. Marehemu hawezi kusahihisha wala kulalamika. Kumfafanulia maneno yake pembeni mwa ukurasa ni kumsaidia asikike. Kumbadilishia kimyakimya ni kumtilia maneno mdomoni, ingawa nia ni njema.

Ama kuhusu muungwana, hasara ya kusahau ni kubwa zaidi. Katika karne ya 19, wapagazi wa misafara iliyotoka Unguja na mrima kwenda bara, wakiwamo watumwa na walioachwa huru, walijiita waungwana. Na jina hilo likabaki huko Kongo, ambako Kiswahili walichokieneza kiliitwa Kingwana. Watu ambao nyumbani hawakuhesabiwa kuwa waungwana walilitwaa neno lililowatenga, wakalivaa safarini. Kadhalika visiwani, baada ya 1897, wengi wa walioachwa huru waliacha kaniki na merikani, wakavaa kanga, kanzu na kofia. Asiyeijua maana ya kale ataona nguo na jina tu, asiuone ujasiri uliomo ndani yake.

Hata methali yenyewe haisikiki sawasawa mpaka irudishwe katika zama zile. Ikitamkwa na bwana kwa mwanawe, ilikuwa karipio: kuzaliwa huru hakutoshi. Ikitamkwa na mtumwa, hata kwa mnong'ono, ilikuwa madai: hukumu ya nasaba imetenguliwa na vitendo. Maneno matatu yalikuwa na makali ya kukata pande mbili. Mwenye kuisoma kwa maana ya leo peke yake anabaki na wasia wa adabu, na makali yote yamekwisha.

Basi kuikumbuka maana ya kale si kuwafedhehesha wajukuu. Ni kuwalipa haki mababu waliolipigania neno mpaka likawapokea. Na yule mzee wa posa hana haja ya kumkana bibi yake wala kumwaibisha binti. Anaweza kumtazama mshenga usoni na kumjibu kwa utulivu kwamba muungwana ni kitendo, na neno likapata nanga pale pale.