Jina ni deni

Kila picha ina watu wawili: aliye mbele ya kamera na aliye nyuma yake. Wa kwanza tunamwona ila hatuambiwi anaitwa nani. Wa pili hatumwoni kabisa. Sasa ndugu zangu wa kambini, na nyinyi mnaofanya kazi ya misaada, nawauliza: kumtaja mtu kwa jina ni zawadi, au ni deni?

Twende Mogadishu, tarehe 12 Julai 1993. Helikopta za Marekani zilishambulia nyumba walimokutana wazee wa upande wa Jenerali Aidid. Msalaba Mwekundu ulihesabu maiti 54. Waandishi wa habari wakaenda pale ili dunia ione. Umati wenye uchungu ukawageukia, wakafa wanne: Dan Eldon, Hansi Krauss, Hos Maina na Anthony Macharia.

Eldon alizaliwa London, akakulia Nairobi. Alikuwa na miaka 22 tu. Familia yake ilitunza daftari zake, zikawa kitabu, na baadaye maisha yake yakatengenezewa filamu. Walifanya vizuri. Lakini Maina na Macharia, Wakenya waliofanya kazi Reuters kama yeye, mmoja akipiga picha, mwingine akirekodi sauti? Wao hutajwa zaidi ndani ya ile orodha ya wanne, basi. Na wale 54, nani kati yetu anajua hata jina moja?

Rafiki yangu aliniambia, "Marehemu hasikii. Jina litamsaidia nini?" Mimi naona jina linatusaidia sisi tulio hai. Aliyerusha kombora toka juu hakumjua hata mmoja wa wale wazee. Umati nao haukumwona Hos wala Anthony; uliona "watu wa kamera". Uchungu wao ulikuwa wa kweli, lakini waliolipa hawakuwa wenye kosa. Mtu akishakuwa "wale", kumuumiza kunakuwa rahisi, na kumsahau ndiyo rahisi zaidi.

Hapa kwetu hakuna helikopta, lakini "wale" wapo. Mtumbwi ukifika Rumonge, kuna wakati simu hutoka mfukoni kabla mkono haujanyooshwa. Mama ana mtoto mgongoni, kitenge kimelowa, anapigwa picha. Chini yake inaandikwa "wakimbizi wakiwasili". Kumbe mama yule ana jina, tena pengine alikuwa fundi cherehani, au muuza ndagala mwenye wateja wake.

Najua mtanijibu: kuna watu wanatafutwa, jina likitoka linaweza kuwaletea hatari. Ni kweli kabisa, na wengine wetu tunaishi hivyo. Ndiyo maana nasema deni lenyewe ni kuuliza. Mama akisema "andika," andika vizuri, usikosee herufi. Akisema "usiandike," au "hata picha sitaki," basi funga simu, msaidie mzigo. Hapo ameamua mwenyewe, na tangu alipokimbia kwake ni mambo mangapi ameachiwa aamue mwenyewe?

Na sisi vijana tunaopiga picha kwa simu tuanze hivyo hivyo. Tuulize kwanza, tuandike jina la aliyekubali, na pembeni jina la aliyepiga. Hakuna mradi unaohitajika kwa hilo. Kalamu inatosha.