Mti Ukiangukia kwa Jirani

Mti wetu ukiangukia nyumba ya jirani, alipe nani? Wengi wetu hapa Shirimatunda hujibu upesi: "Ni upepo, kazi ya Mungu." Sisi nasi tulijibu hivyo, hata usiku mmoja wa masika mgrevilea wetu wa mpakani ulipoanguka na kuvunja jiko la jirani. Tunamshukuru Mungu hakuna aliyeumia. Jirani hakuwa na bima, wala sisi.

Sheria yasemaje? Haiulizi nguvu ya upepo tu. Yauliza kama mwenye mti alijua, au alipaswa kujua, kwamba mti ni mbovu. Huko Uingereza mwaka 1926, katika shauri la Noble na Harrison, tawi liliangukia gari la abiria. Mwenye mti hakutozwa, kwa kuwa kasoro yake ilikuwa imefichika. Nasi Tanzania tulirithi misingi ya sheria ya Kiingereza. Lakini Musa alitangulia. Katika Kutoka 21, ng'ombe akiua mtu, mwenyewe huachiliwa. Bali kama ng'ombe alizoea kupiga pembe, na mwenyewe alionywa asimfunge, ana hatia.

Hapo tulinyamaza. Mgrevilea ule ulikuwa umeinama, una uyoga shinani, na jirani alikwisha kutuambia mara mbili. Tulimjibu, "Tutaona."

Wengine watasema dawa ni bima. Bima ni kitu chema, na mwenye uwezo akate. Lakini bima ya nyumba kwa kawaida humlipa mwenye nyumba iliyoharibika. Kampuni ikiisha kulipa, yaweza kumdai aliyezembea. Tena fedha hujenga jiko, haziondoi uchungu wa mtu aliyeonya asisikilizwe.

Basi tulikwenda kukiri kwanza, mabati yakafuata. Wazee wa Kichagga waliomba msamaha kwa jani la sale, na sale hiyo hiyo ndiyo iliyopandwa mipakani. Kinachotenga vihamba ndicho kinachopatanisha wenye vihamba.

Je, kama hatukuonywa, wala ubovu haukuonekana? Sheria ingetuachilia. Upendo usingetuachilia; ungetutuma na panga asubuhi ile kusaidia kuondoa mti.

Kabla ya masika, kila mmoja wetu aitazame miti yake ya mpakani. Aonaye hatari aseme kwa upole. Naye aambiwaye asijibu, "Tutaona."